William Palmer na Colorado Springs: treni ilikuwa chambo, samaki ni viwanja

Mtaruma (mwanzisha uzi)

Wakuu, wafanyabiashara walioanzisha miji ya reli Marekani katika karne ya 19 ni wengi, ila William Jackson Palmer ndiye anayefaa kufuatiliwa hatua kwa hatua. Huyu hakuanzisha mji mmoja akatulia. Alikuwa na utaratibu, na kila reli yake ilipofika aliurudia uleule.

Historia yake kwa haraka: alizaliwa Delaware mwaka 1836, familia ya madhehebu ya Quaker. Kijana bado, alikwenda Uingereza kuchunguza jinsi vichwa vya treni vinavyochoma makaa ya mawe badala ya kuni, akarudi kuwa katibu wa J. Edgar Thomson, rais wa Pennsylvania Railroad. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipoanza akaunda kikosi cha wapanda farasi, akatoka vitani na cheo cha brigedia jenerali. Mwaka 1867 aliongoza msafara wa kupima njia ya reli hadi Pasifiki kwa niaba ya Kansas Pacific, na reli hiyo ilipofika Denver Agosti 1870 yeye ndiye aliyekuwa msimamizi wa ujenzi.

Angeweza kubaki mwajiriwa. Badala yake, tarehe 27 Oktoba 1870, akasajili kampuni yake, Denver & Rio Grande (D&RG), ya kutoka Denver kwenda kusini mpaka Mexico. Wenzake wote walikuwa wanakimbilia magharibi, kusini kulikuwa wazi.

Sasa tatizo. Union Pacific na wenzake walipewa na serikali kuu ardhi tele kando ya njia, wakaiuza kugharamia reli. Palmer hakupewa. Sheria ya tarehe 8 Juni 1872 ilimpa haki ya kupita tu: futi 100 kila upande wa reli, pamoja na maeneo ya stesheni. Na njia yenyewe inapita kwenye mbuga ambako mizigo ni michache mno kulipa riba ya mikopo.

Jawabu lake lilikuwa mfuko wa pili. Kampuni ya reli huku, kampuni ya ardhi kule, wakubwa ni walewale. Wapimaji wanatangulia, kampuni ya ardhi inanunua eneo likiwa bado na bei ya malisho, bikoni zinapigwa, halafu ndipo reli inakuja na stesheni inawekwa katikati ya viwanja hivyo. Mji uliokuwepo jirani unaachwa pembeni. Eneo lililonunuliwa kwa ekari linauzwa kwa futi.

Colorado Springs ndiyo mfano wa kwanza. Eneo la ekari kama 10,000 lilichukuliwa chini ya mlima Pikes Peak. Msumari wa kwanza wa reli ulipigwa Denver tarehe 28 Julai 1871. Siku tatu baadaye, 31 Julai, bikoni ya kwanza ya mji ilipigwa zaidi ya kilomita 110 kusini, kwenye kona ambayo leo ni makutano ya barabara za Pikes Peak na Cascade. Reli ilifika Oktoba mwaka huohuo, ikakuta mji umeshapimwa unaisubiri. Colorado City, mji wa wachimba dhahabu uliokuwepo tangu 1859 kilomita chache tu magharibi, haukupata njia kuu. Mwaka 1873 hata makao makuu ya wilaya yalihamishiwa mji mpya.

Wenye kujua habari za geji (upana kati ya reli mbili), hati za viwanja na ile vurugu ya kugombea korongo la Royal Gorge, karibuni.

---

Fundi Geji

Mtaruma umeruka jambo moja ambalo bila hilo hesabu zako zote hazisimami: upana wa reli.

Palmer alichagua futi 3, yaani milimita 914. Reli za kawaida za Marekani zilikuwa zinaelekea kwenye milimita 1,435. (Kwa kulinganisha, reli ya Mombasa kwenda Kisumu ilijengwa kwa milimita 1,000, kwa hiyo hata ile "reli nyembamba" yetu ilikuwa pana kuliko ya Palmer.) Wazo alilitoa Wales, kwenye reli ya Ffestiniog iliyokuwa inashusha mawe ya kuezekea kwa geji ya milimita 597 tu. Alioa Novemba 1870, fungate likawa Uingereza, na huko akakutana na Robert Fairlie, mhandisi aliyekuwa akipigia debe reli nyembamba.

Faida yake iko kwenye chuma na kwenye kona.

Chuma kwanza. Reli za mwanzo za Palmer zilikuwa za ratili 30 kwa yadi, karibu kilo 15 kwa mita. Zidisha mara mbili kwa kuwa reli ni mbili, unapata kama tani 30 za chuma kwa kilomita. Reli ya ratili 56 ya geji pana inakula karibu tani 56 kwa kilomita. Kutoka Denver hadi Colorado Springs ni kilomita 120 hivi, kwa hiyo tofauti ni zaidi ya tani 3,000 za chuma, na hapo hujahesabu reli za kupishania. Chuma chote hicho kinatoka mbali.

Kona: kwenye milima baadaye walikunja mpaka digrii 30. Kwa wasiozoea kipimo hicho, ni kona yenye nusu kipenyo cha mita 59. Geji pana ya enzi hizo isingethubutu kwenye njia kuu. Ukiweza kukunja hivyo unaufuata mlima ulivyo, hulazimiki kuupasua. Mwinuko wa kupanda La Veta Pass mwaka 1877 ulifika asilimia 4, mita 4 kwa kila mita 100.

Kichwa cha kwanza cha abiria, Montezuma, kilitoka kiwanda cha Baldwin kikiwa na uzito wa tani 12 na nusu hivi. Cha geji pana wakati huo kilizidi tani 30. Kichwa chepesi kinaruhusu reli nyepesi, reli nyepesi inaruhusu daraja jepesi. Vitu vinavutana.

Hasara yake nayo haikujificha. Kila behewa lililotoka mashariki lilikomea Denver, mzigo ukashushwa kwa mikono na kupakiwa upya kwenye behewa dogo. Mzigo wa madini si tatizo sana, unamwaga tu. Samani na mashine ndivyo vilivyokuwa vinavunjika. Na kichwa cha tani 12 hakivuti kitu cha maana kwenye mwinuko wa asilimia 4, kwa hiyo treni zilikuwa fupi na nyingi, na kila treni inataka dereva wake na mchochea moto wake. Ulichookoa kwenye ujenzi unakirudisha taratibu kwenye mishahara.

---

Binti Hati

Mimi nije na karatasi, maana kwenye karatasi ndiko Palmer alikokuwa hodari kuliko kwenye mataruma.

Mauzo ya Colorado Springs yalipitia koloni iliyoitwa Fountain Colony. Robert Cameron, aliyekuwa ametoka kuanzisha Greeley, mji mwingine wa koloni kaskazini mwa Denver, ndiye aliyeletwa kuisimamia. Mwanachama anaweka dola 100, na hizo zinahesabiwa kwenye bei ya kiwanja atakachochagua. Masharti mawili: tabia njema, na asiwe mlevi.

Hilo la pili halikuachwa liwe nasaha. Liliandikwa ndani ya hati ya kila kiwanja: pombe isitengenezwe wala kuuzwa kama kinywaji mahali pa watu wote juu ya ardhi hiyo, na sharti likivunjwa ardhi inarudi kwa kampuni. Someni tena hapo. Adhabu yake si faini wala kifungo, unapoteza kiwanja pamoja na nyumba uliyojenga juu yake.

Mmiliki mmoja, Cowell, aliuza pombe, kampuni ikamshtaki kumnyang'anya kiwanja. Hoja yake ilikuwa kwamba mtu akishauziwa ardhi moja kwa moja, muuzaji hana tena ruhusa ya kumpangia matumizi. Kesi ilipanda mpaka Mahakama ya Juu ya Marekani, na mwaka 1879 ikaamuliwa kwa faida ya kampuni: sharti la namna hiyo halipingani na umiliki, maana mnunuzi bado anaweza kuuza, kurithisha na kutumia ardhi kwa mambo mengine yote. Tena kampuni haikulazimika kwenda kwanza kudai kiwanja mlangoni, kufungua kesi kulitosha. Wanasheria wa ardhi Marekani wameinukuu hukumu hiyo miaka na miaka.

Ila sharti la hati linaishia kwenye mpaka wa kiwanja. Colorado City haikuwa ardhi ya Palmer, kwa hiyo mji ule aliounyima reli ukapata riziki yake kwenye kile alichokikataza: baa, kamari na mengineyo. Watu wa mji mkavu walikuwa wanakwenda kunywa kwa jirani na kurudi kulala nyumbani. Na kwa asiyetaka safari kulikuwa na duka la dawa na cheti cha daktari.

---

Kibarua wa Tuta

Nauliza wakuu. Mbuga kavu, mji unapimwa Julai, watu wanakuja majira ya baridi. Walikuwa wanakunywa maji gani? Na huo mji unaitwa Springs kwa chemchemi zipi?

---

Mtaruma

Kibarua, chemchemi haziko mjini hata moja! Ziko Manitou, bondeni, mwendo wa kilomita kadhaa upande wa mlima, na Palmer na mshirika wake Dkt. William Bell walishikilia ardhi ya kule pia. Mji ulipewa jina la maji ya jirani. Wauza viwanja hawajaanza leo.

Kuhusu maji yenyewe: mji umekaa juu ya tambarare iliyoinuka kuliko kijito cha Fountain Creek, kwa hiyo huwezi kuchota tu. Walichofanya mwaka ule wa kwanza ni kuchimba mfereji, El Paso Canal. Mdomo wa mfereji uliwekwa juu zaidi kwenye kijito, kisha mfereji ukazungushwa ubavuni mwa vilima kwa mteremko mdogo mno, ukatokea juu ya mji. Kutoka hapo vijifereji vikashuka kandokando ya barabara. Hayo yalikuwa maji ya miti na bustani. Ya kunywa watu walichimba visima.

Miti ndiyo ilikuwa tangazo. Maelfu ya miche ya mipopla ilichimbwa kwenye mabonde ya mito, ikaletwa na kupandwa kufuata vijifereji. Barabara za kawaida zilipimwa futi 100, kubwa futi 140, yaani mita 30 na mita 43. Fikiria upana huo kwenye mji wa vibanda vya mbao. Kwa mwenye kuona picha za mwaka 1872 ni kichekesho, nyumba nne tano zimetawanyika kwenye uwanja wa ndege. Lakini kupima barabara pana ardhi ikiwa haina thamani hakugharimu kitu, na kuipanua baadaye kunamaanisha kubomoa.

Bell ndiye aliyekuwa akitafuta fedha Uingereza, na hati fungani nyingine ziliuzwa Uholanzi. Waingereza walikuja wengi kiasi kwamba mji ukabandikwa jina la "London Ndogo".

---

Bikoni

Mtaruma umeeleza vizuri, ila umemaliza na upande mzuri wa mchezo. Mimi naleta miji iliyochezewa.

Pueblo. Wilaya ilipiga kura kutoa hati fungani za dola 100,000 ili reli ifike. Reli ikafika Juni 1872. Halafu kampuni ya ardhi ya walewale ikapima mji mwingine ng'ambo ya mto Arkansas, South Pueblo, na shughuli za reli zikavutwa kule. Wananchi wanalipa deni la reli inayojenga mji wa kushindana nao. Miji hiyo iliunganishwa 1886, lakini manung'uniko yalikuwa ya muda mrefu.

Cañon City. Mwaka 1872 reli ilifika kwenye migodi ya makaa ya mawe, kilomita 13 hivi kabla ya mji, ikasimama. Ikawataka watu watoe hati fungani za dola 50,000. Wakatoa. Mwaka 1874 reli ikasogea, ikasimama tena zaidi ya kilomita moja kutoka katikati ya mji.

Trinidad. Hapa ndipo palipomtokea puani. Mwaka 1876 reli ilisimama kilomita 7 hivi kabla ya Trinidad, kampuni ikapima mji wake pale, El Moro. Ukishuka kwenye treni unapanda gari la farasi kwenda mjini.

Ukiuliza kwa nini ilikuwa inasimama mbali kidogo kila mara, jibu ni kwamba karibu sana hukuti ardhi ya bei ya malisho, na mbali sana wafanyabiashara hawahami. Kilomita tatu mpaka saba inatosha kumfanya mwenye duka ahesabu nauli ya mzigo na kuamua kufunga virago.

---

Fundi Geji

Bikoni nimalizie hapo kwenye Trinidad, maana kipande hiki ni kitamu.

Februari 1878. Kuna pito moja la maana la kutoka Trinidad kuingia New Mexico, Raton Pass, na barabara ya pale ilikuwa na geti la ushuru la mzee mmoja, Richens Wootton. Palmer alilihitaji ili afike Mexico. Santa Fe, kampuni kubwa ya reli yenye fedha za Boston, nayo ililihitaji. Wahandisi wa pande mbili, Robinson wa Santa Fe na McMurtrie wa Palmer, walisafiri kwenye treni moja kutoka Pueblo hadi El Moro. Treni ya Palmer, kumbuka. McMurtrie akalala El Moro. Robinson hakulala, alikwenda usiku uleule kwa Wootton, wakapatana, wakakusanya watu wa jirani wenye majembe na taa. Alfajiri watu wa McMurtrie walipofika walikuta ardhi inachimbwa tayari, wamechelewa kama nusu saa.

Na wale walioshika majembe usiku, wengine walikuwa watu wa Trinidad. El Moro ilikuwa imeshawaudhi miaka miwili.

Miezi miwili baadaye, Aprili, ikawa Royal Gorge, korongo la mto Arkansas juu ya Cañon City, njia pekee nafuu ya kwenda kwenye migodi ya madini ya fedha ya Leadville. Mahali pembamba kabisa pana mita 9, kwa reli moja tu, hakuna ya pili. Santa Fe waliingia kwa jina la kampuni ndogo iliyosajiliwa na wenyeji, Cañon City & San Juan. Wenyeji hao ni walewale waliowekewa stesheni nje ya mji.

Miji miwili aliyoibana, na katika vita viwili miji hiyo ikawa upande wa adui.

---

Mbishi wa Kusini

Mkuu Fundi, hadithi imepangika mno mpaka inatia shaka. Raton Palmer aliikosa kwa kukosa fedha. Anguko la uchumi la 1873 lilimsimamisha, kati ya 1872 na 1876 alijenga vipande vipande tu. Santa Fe walikuwa na uwezo wa kulipa Wootton, kulipa vibarua na kulipa mawakili kwa wakati mmoja. Hata kama watu wa Trinidad wangempenda kama mwana wao, angeijenga Raton kwa fedha gani? Desemba 1878 alikuwa hoi kiasi cha kuwakodisha haohao Santa Fe reli yake yote kwa miaka 30.

---

Fundi Geji

Nakubali nusu. Fedha ndiyo iliyoamua Raton, hilo nakuachia. Ila Royal Gorge haikuamuliwa na fedha pekee. Aliyewahi ndiye aliyeshika korongo, na Santa Fe waliwahi kwa sababu walikuta vibarua pale pale Cañon City, hawakuhitaji kuleta treni nzima ya watu.

Ukodishaji wenyewe ulikuwa funzo jingine. Santa Fe walipoishika reli walipanga nauli za mizigo ziwafae wafanyabiashara wa Kansas City, zikawaumiza wa Denver na Colorado Springs. Yaani reli ileile iliyotakiwa kuvipandisha thamani viwanja vya Palmer ikawa inaviua. Ndiyo maana alipambana kuuvunja mkataba. Tarehe 21 Aprili 1879 Mahakama ya Juu ikasema D&RG walikuwa na haki ya kwanza korongoni. Juni watu wake wakazivamia stesheni wakiwa na amri ya mahakama mkono mmoja na bunduki mkono mwingine. Pale karakana ya vichwa vya treni Pueblo, Santa Fe walikuwa wamemkodi Bat Masterson, mpiga bastola mashuhuri, na watu wake kuilinda, mwisho waliiachia.

Mapatano yalifikiwa Boston mwanzoni mwa 1880. Palmer akapata korongo na Leadville, akalipa dola milioni 1.4 kwa kazi ambayo Santa Fe walikuwa wameshaifanya, na akaahidi kutojenga tena kuelekea El Paso, mpakani mwa Mexico. Ndoto ya Mexico ikafia mezani.

Katika kazi hiyo aliyoinunua kulikuwa na lile daraja linaloning'inia. Pale kwenye mita 9 ukuta wa kaskazini unashuka wima mpaka majini, tuta la reli halina pa kukaa. C. Shaler Smith alisanifu daraja la mita 53 ambalo halivuki mto, linakwenda sambamba nao. Upande mmoja umekaa kwenye mwamba. Upande wa pili umening'inizwa kwenye mihimili iliyoegemezwa kama paa la nyumba, mguu mmoja ukuta huu, mwingine ukuta ule. Gharama ilikuwa dola 11,759.

---

Bikoni

Alamosa pia isisahaulike. Reli ilipovuka La Veta Pass ilikomea Garland City mwaka 1877. Mwaka uliofuata ikasogea hadi Alamosa, na Garland City ikafunguliwa mbao kwa mbao, ikapakiwa kwenye mabehewa, ikasimamishwa Alamosa. Mwenye hoteli hakubadili hata sahani.

Halafu Durango, ambayo kwangu ndiyo utaratibu uliokomaa. Mji uliokuwepo uliitwa Animas City. Kampuni ikataka masharti fulani, wenyeji wakakataa wakidhani reli haina pa kwenda. Septemba 1880 Durango ikapimwa kilomita 3 hivi kusini. Reli ikafika katikati ya 1881, na Julai 1882 ikaingia Silverton, mji wa migodi ya madini ya fedha. Mtambo wa kuyeyushia madini ukajengwa Durango, kwenye makaa ya mawe ya jirani. Fedha inatoka Silverton kwa reli ya Palmer, inayeyushwa kwenye mji wake, kwa makaa ya ardhi ya washirika wake.

---

Binti Hati

Hiyo ardhi ya "bei ya malisho" mnayoitaja ilikuwa na wenyewe. Milima ya San Juan, yenye Silverton ndani yake, Wautu (Ute, wenyeji asilia wa Colorado) waliitoa kwa makubaliano ya 1873, baada ya wachimbaji kuwa wameshaingia bila ruhusa. Mwaka 1881, mwaka uleule treni ilipofika Durango, Wautu wa kaskazini na kati walihamishwa kwa nguvu kupelekwa Utah. Mnyororo wa hati ya kiwanja cha Durango ukiufuata nyuma unakutana na hilo kabla ya kufika kwa Palmer.

---

Kibarua wa Tuta

Hili la stesheni kuwekwa kilomita kadhaa nje ya mji limenikumbusha stesheni za SGR, reli mpya ya Kenya, pale Miritini (Mombasa) na Syokimau (Nairobi). Je ni mchezo uleule?

---

Mtaruma

Hapana, Kibarua. SGR ni ya serikali, na stesheni zilikwenda nje kwa kuwa reli ya treni ndefu na za kasi inataka kona pana na nafasi kubwa ya yadi, ndani ya mji haipatikani bila kubomoa. Kwa Palmer ardhi ya mjini ilikuwepo na kona zake zilikuwa za kukunja popote. Alikaa nje kwa hiari. Ila anayenunua viwanja karibu na stesheni kabla haijatangazwa, huyo ni yuleyule karne zote mbili.

---

Mbishi wa Kusini

Basi tuambieni, alitajirika au hakutajirika? Na hiyo geji ya futi 3 iliishia wapi?

---

Fundi Geji

Geji haikudumu hata miaka 20 kwenye njia kuu. Mwaka 1881 waliweka reli ya tatu kati ya Denver na Pueblo, ili treni za upana wowote zipite. Unaambiwa ni rahisi, siyo. Mataruma mafupi yote yanang'olewa yawekwe ya futi 8. Reli moja inatumiwa na wote wawili, kwa hiyo kitovu cha behewa jembamba hakilingani na cha behewa pana, viungio havikutani, na ukitaka kuchanganya mabehewa kwenye treni moja lazima uweke katikati behewa maalumu lenye kiungio kilichosogezwa pembeni. Kila mahali pa kubadilishia njia panakuwa na vipande vya ziada vya chuma vya kuvunjika. Mwaka 1890 njia kuu mpaka Utah ikawa imegeuzwa kuwa milimita 1,435. Matawi ya milimani yakaachwa yalivyo, kwa kuwa hakuna aliyeona faida ya kuyagusa.

---

Mtaruma

Kuhusu utajiri: aliondolewa na mivutano ya wakubwa wa hisa, akajiuzulu urais wa D&RG mwaka 1883. Akabaki na reli ya upande wa Utah, na ilipouzwa 1901 aligawa karibu dola milioni moja kwa wafanyakazi. Kiwanda cha chuma cha Pueblo, kilichoanza kutoa reli za chuma cha pua mwaka 1882, nacho kilikuwa uzao wa kampuni yake ya Colorado Coal and Iron ya 1880, ikiwa imezikusanya zile kampuni zake za ardhi pamoja. Colorado Springs aliiachia ardhi ya chuo cha Colorado College na bustani kadhaa kubwa. Mwaka 1906 alianguka kutoka kwenye farasi akapooza, akafa Machi 1909 nyumbani kwake Glen Eyrie.

Sharti la pombe lilimzidi umri: Colorado Springs iliendelea kuwa kavu mpaka 1933. Ile Colorado City ya baa iliingizwa ndani ya mji mwaka 1917.

Matawi ya futi 3 aliyoyasema Fundi mawili bado yanatembeza vichwa vya mvuke kwa ajili ya watalii. Moja ni la kati ya Antonito na Chama, kilomita 103. Jingine ni Durango hadi Silverton, kilomita 72. Ukipanda hilo la pili, dakika chache baada ya kuondoka Durango unapita kwenye mitaa ya kawaida tu ya nyumba za watu. Hapo ndipo ilipokuwa Animas City. Treni haisimami.